Ushuru wa Saa Tisa

Tikiti yetu ni stakabadhi ya ushuru wa pombe,
karatasi ya njano, mhuri wa halmashauri,
na pengo lisilojazwa: *mapipa mangapi.*
Mbeleje Chidumizi alibaki na kitabu kizima
siku walipomstaafisha.
"Sikuiba. Hakuna aliyekidai."

Miaka ishirini na sita alitoza ushuru wa vilabu vya Dodoma,
kwa miguu, na mwavuli wa jua kwapani.
Leo anatutoza sisi, elfu tano kwa kichwa.
Tuko saba, na mmoja katoka wizarani
na kitambulisho chake kinaning'inia shingoni.
"Kivue hicho, baba. Wakikiona, watamwaga pombe."

Tunaanza nyuma ya stesheni.
Benchi ni taruma la chuma, la reli ya kwanza.
"Kaeni. Waliolibeba hili walilipwa nusu,
na nusu ile waliinywa hapa hapa,
ndiyo maana kilabu kimetangulia soko."
Ujimbi unakuja na kibuyu chake, mzito, wa kahawia,
unaacha punje za uwele kwenye fizi.
*Mbukwenyi,* anasema mwenye kibuyu,
kisha anauliza habari za mvua huko tutokako;
watoto wetu atawauliza baadaye.

Anatuonyesha alama ya msumari mlangoni.
Kivuli cha boriti kikifika hapo, ni saa tisa.
Kabla ya saa tisa hata harufu ilikuwa kosa.
"Nilikuwa nasimama kule, chini ya ukuta,
wao wananiona, mimi nawaona,
tunangoja kivuli sote, kama wagonjwa."

Chang'ombe tunapewa kitu chekundu
cha zabibu zilizokataliwa kiwandani.
Kinakwaruza. Wa wizarani anaomba kingine.
Mlevi mmoja anatuambia makao makuu yalihamia
siku ile shemeji yake alipopata kazi ya kulinda mchanga,
mchanga tu, lundo moja, miaka minne,
na nyumba yenyewe haikujengwa.
Mbeleje hamkatizi. Anamlipia.

Kwa Sechelela hakuna pombe.
Kuna mitungi sita imepinduliwa midomo chini
na mwanamke anayechambua mtama bila kutuangalia.
Nauliza kama tumekosea siku.
"Hapana," anasema Mbeleje, "hapa ndipo kitabu kilipobaki."

Mwaka ule mtama ulikufa ukiwa na urefu wa kiwiko.
Yakaja mahindi ya njano ya serikali,
wanawake wakajaribu kuyachachusha, yakagoma.
Kila Jumamosi alikuja na kitabu chake kipya,
kalamu sikioni, akakaa kwenye kinu kilicholala.
Ofisini walitaka hesabu.
Aliandika *hakuna* mpaka mwandiko ukabadilika,
halafu akaacha kuandika, akaja tu.
Walichambua pamoja mawe kwenye mahindi.
Siku moja Sechelela alimpa kata ya maji,
akasema, haya, tozea hii.

Hakuna anayecheka. Sechelela ndiye anayecheka,
sasa hivi, bila kuinua kichwa.

Cha mwisho hakipo. Kuna uzio wa mabati ya buluu
na honi ya treni ya umeme kwa mbali.
Mbeleje anapima kwa hatua: hapa jiko,
hapa walipokaa wadaiwa, hapa mlango.
Wa wizarani anataja namba ya kiwanja, polepole,
kama mtu anayetaja jina la aliyemkopa.
Faili lilipita mezani kwake.
Hatumjibu. Anarudi kuvaa kitambulisho,
anabadili nia, anakitia mfukoni.

Jua limeshuka nyuma ya mlima Mlimwa.
Mbeleje anakusanya tikiti, Jumamosi ijayo kuna wengine.
Sita zinarudi. Mimi nasema yangu imepotea.
Anaangalia mfuko wangu wa shati, penye njano inayochungulia,
anafunga mwavuli wake.
"Sawa. Ila lile pengo usilijaze."